Sapatu Iliyowekwa Ngazini

Jumapili moja ya mwezi wa kwanza, Rimma alikuwa jikoni akikunja pelmeni. Alikwisha kusukuma unga hadi ukawa mwembamba, akakata miduara kwa mdomo wa glasi, na sasa kila mduara aliutia nyama ya kusaga, akaukunja, akabana kingo zake kwa vidole na kuupanga kwenye sinia. Vadim, mumewe, alitoka sebuleni akiwa na soksi tu, maana timu alizokuwa akizitazama kwenye televisheni zilikuwa mapumzikoni, akauliza kama nyama imetiwa kitunguu cha kutosha. Rimma akasema kimetiwa kama siku zote. Vadim akachota kidogo kwa ncha ya kidole, akaonja, akafikiri, akampiga ngumi ya shavu.

Rimma aliangukia kiti, na kiti kikaanguka naye. Vadim akamwinua kwa kumshika kwapani, akakisimamisha kiti, akaiokota glasi iliyobingirikia chini ya meza na kuirudisha mahali pake taratibu isipasuke. Kisha akarudi kwenye mpira wake wa magongo. Yalikuwa mambo ya kila wiki na hayakuchukua muda. Rimma akafungua kidirisha cha juu, akachota theluji kutoka ukingo wa nje, akaibandika shavuni, na kwa mkono mwingine akaendelea kupanga.

Maji yalikuwa hayajachemka bado mlango ulipogongwa. Alikuwa Kapitolina Sergeevna wa fleti ya chini, mjane aliyestaafu kushona mapazia ya jumba la maigizo, mwanamke nadhifu ambaye hata kupanda ghorofa moja alijipamba kwa bizimu ya kifuani. Alivuka kizingiti kwanza ndipo akasalimu, kama inavyotakiwa. Akamtazama Rimma usoni kidogo tu, akahamisha macho.

“Vadim Petrovich, nisamehe kukusumbua Jumapili,” akasema. “Ukuta wangu umepigwa.”

“Umepigwa na nani, mama?”

“Na wewe, baba. Mkono ni wako. Hata pete inaonekana.”

Wakashuka wote watatu. Sebuleni kwa Kapitolina Sergeevna, kwenye karatasi mpya ya ukutani yenye maua madogo ya buluu, palikuwa na alama ya ngumi, nyekundu inayoelekea zambarau, imevimba, na ya moto ukiigusa. Ilikuwa kwenye kimo cha shavu la Rimma, na pembeni yake palikuwa na mkwaruzo wa pete, ule ule. Vadim akaweka ngumi yake juu ya alama, ikaenea kama kifuniko kwenye sufuria yake. Akakubali kwamba ni yake. Akaomba radhi kwa ustaarabu, akaahidi kubandika karatasi nyingine yeye mwenyewe, na Kapitolina Sergeevna akamwambia hana shaka, anamjua ni mtu wa maana. Rimma hakuombwa radhi, kwa kuwa hakuna aliyekumbuka.

Kosa lilikuwa la Rimma, na alilifanya siku ya kuhamia.

Kabla ya hapo walikaa ng'ambo ya daraja, katika nyumba ya magogo aliyoachiwa na mama yake. Nyuma ya jiko la nyumba ile alikaa babu wa nyumba, kama anavyokaa katika kila nyumba inayojiheshimu. Babu wa nyumba hushiriki yote ya watu wake. Mtu akiumwa, naye hukohoa. Mtoto akizaliwa, naye hunenepa. Vadim alipoanza kumpiga Rimma, mwaka wa kwanza wa ndoa, alama zilijitokeza pia kwenye magogo, ila magogo yalikuwa meusi kwa moshi wa miaka mingi na nyumba ilikuwa peke yake pembeni mwa msitu, kwa hiyo zilionwa na Rimma tu, siku za kufuta vumbi. Alizifuta kwa upole, akiona ni adabu.

Wilaya ilipovunja nyumba zile kupisha barabara, wakapewa fleti katika jengo la ghorofa tano, karibu na kiwanda cha karatasi ambako Vadim alikuwa fundi wa kuchomelea. Katika majengo yale kila mlango wa chini una ngazi yake, na kila ngazi ina watu wake. Jioni ya mwisho Rimma alifanya yapasayo. Aliiweka sapatu kuukuu ya marehemu mama yake mbele ya jiko, akainama, akasema, “Babu, hapa tunapaacha. Ingia tukupeleke kwako kupya, usibaki ukalia peke yako.” Sapatu ikawa nzito kama paka aliyeshiba. Akaifunika kwa shali na kuipakata mapajani ndani ya lori, huku Vadim akimtania kwamba anabeba mkwe.

Mlangoni pa fleti mpya walimkuta Kapitolina Sergeevna ameshapanda na mkate na chumvi vya kuwakaribisha, juu ya kitambaa cha tarizi. Sasa, kila mtu anajua kwamba hakuna kupeana kitu juu ya kizingiti. Mtoaji na mpokeaji wawe wote ndani au wote nje, la sivyo watagombana. Rimma alikuwa keshatia mguu ndani. Alichotakiwa kusema ni karibu, mama, pita. Lakini ndani palikuwa vurugu tupu, masanduku juu ya masanduku, na akaona haya kumkaribisha mgeni kwenye takataka. Kwa hiyo akatoka yeye. Akaiweka sapatu chini, hapo ngazini, ili apokee mkate kwa mikono miwili. Wakabusiana mara tatu. Alipoiokota tena, sapatu ilikuwa nyepesi, naye akadhani ni mikono yake iliyopumzika.

Babu, kwa upande wake, alikuwa ametoka pale alipowekwa. Aliziona ngazi, akayaona mabomba ya kupashia joto na milango pande zote, akasikia harufu ya supu ya kila ghorofa, akaamua kwamba hii ndiyo nyumba na hivi ndivyo vyumba vyake. Huwezi kumlaumu. Alikuwa mzee, na kwake yeye nyumba ni vyote vilivyo chini ya paa moja.

Wakazi walimzoea upesi. Alikuwa na kimo cha paka, nywele za kijivu mwili mzima, na mahali pake palikuwa penye bomba la joto kati ya ghorofa ya pili na ya tatu, ambako aliketi akipasha mgongo joto. Yelizar Kuzmich wa ghorofa ya juu kabisa, aliyewahi kuwa dereva wa treni, alimwachia tumbaku kidogo. Wengine walimruka wakipita na mifuko yao ya viazi. Baada ya Jumapili ile ya pelmeni, Babu alionekana ana jicho moja limefumba.

Vadim alitimiza ahadi. Jumamosi iliyofuata alishuka kwa Kapitolina Sergeevna na gundi aliyoikoroga kwa unga, Rimma akamfuata kumshikia ngazi ya mbao. Vadim alikuwa na mikono mizuri sana. Hilo hata Rimma alilikubali, na lilikuwa ndilo linalomuumiza kuliko mengine. Alibandika kipande kipya juu ya alama, akafukuza mapovu ya hewa kwa kiganja, kutoka katikati kwenda pembeni, polepole, akipuliza kidogo penye kona pasikunjamane. Kiganja kilipita juu ya ule uvimbe kwenye kimo cha shavu la mkewe na kuupapasa kwa huruma. Rimma akasimama na ngazi mkononi akiona wivu juu ya ukuta.

“Dhahabu, si mume,” Kapitolina Sergeevna akamnong'oneza. “Marehemu wangu hata msumari hakujua kupigilia.”

Na kweli Vadim alikuwa mtu wa watu. Theluji ya mlangoni aliiondoa yeye, wala hakuna aliyemtuma. Bomba la mtu likivuja, anaitwa yeye. Zlata, muuguzi kijana wa ghorofa ya kwanza, alibebewa kitanda cha mtoto hadi ndani naye Vadim akakataa hata chai. Watu wanapompenda mtu namna hiyo, hujitia hamnazo kwa mengi, na ngazi ile ilikuwa imetia pamba masikioni tangu wiki ya kwanza. Kuta za majengo yale ni nyembamba. Mtu akipiga chafya ghorofa ya nne, wa ghorofa ya pili humtakia afya. Mayowe ya Rimma tu ndiyo yalikuwa hayavuki.

Lakini alama zilivuka. Mwezi wa pili zilikuwa katika kila fleti. Vadim alimpiga teke la ubavu kwa sababu shati halikukauka, na nguzo za kushikia ngazi zikavunjika mbili, moja baada ya nyingine, ghorofa zote tano. Alimng'oa jino, na bafuni kwa kila mtu kigae kimoja kikachomoka juu ya beseni na kudondoka, pakabaki shimo. Alimburuta kwa nywele kutoka sebuleni hadi jikoni, na asubuhi yake mazulia yaliyotundikwa ukutani yakakutwa yamenyofoka nyuzi. Siku alipompasua mdomo, damu ilichuruzika kwenye maungio ya karatasi za ukutani, kutoka dari hadi sakafu, nyembamba na bila haraka.

Watu wa ngazi ile walikuwa wasafi, hilo hakuna awezaye kuwanyima. Walijua kwamba damu haifutiki kwa maji ya moto, inaganda. Wakatumia maji baridi na chumvi, na walipokutana ngazini walipeana ujuzi. Yelizar Kuzmich aliapia siki. Zlata alisema huko hospitali hutumia dawa fulani ya kutoa povu, akaleta chupa, ikazunguka mlango kwa mlango, na kila mtu alitoka nje au aliingia ndani kabisa kuipokea. Walizifahamu rangi za kuta zao: siku ya kwanza nyekundu, kisha zambarau, kisha kijani, kisha manjano, kisha unaweza kualika wageni.

Mwishowe mtu aliandika malalamiko, na afisa wa polisi wa mtaa akaja. Alikuwa mtu wa mwili, mwenye kuchoka mapema, akakagua kuta zote kuanzia chini. Akampita Babu kwenye bomba la joto, akagusa kofia yake kwa heshima. Alipofika kwa Rimma alimkuta na bandeji kichwani, akimenya bitiruti za supu. Vadim akamkaribisha chai na jemu. Afisa akaeleza kwamba amekuja kwa uharibifu wa mali za majirani, jambo zito, lina kifungu chake.

“Na mimi?” Rimma akauliza.

“Wewe unaishi hapa,” afisa akasema bila ubaya wowote. “Hayo ni ya nyumbani.”

Akamgeukia Vadim, akamshauri kama mwanamume kwa mwanamume asimpige upande wa ukuta wa majirani. Kuna ukuta wa nje, ule wa dirishani, amsogeze huko. Vadim akasema ni wazo zuri, akajaribu wiki nzima. Haikusaidia chochote, ila vioo vya madirisha ya ngazi nzima viliingia ufa.

Hapo ndipo Rimma alipopata fikra yake, akiwa kazini kwenye chekechea, anakoroga uji wa watoto kwenye sufuria kubwa. Ilimjia nzima nzima hadi akasahau kukoroga na uji ukashika chini. Babu hawezi kukosea kuhusu nyumba. Hiyo ndiyo kazi yake na hana nyingine. Kama Babu ameona kwamba ngazi nzima ni nyumba moja, basi ni moja. Basi mlango wa Kapitolina Sergeevna ni mlango wa chumbani kwake Rimma tu, na wa Zlata vilevile, na mtu hanyimwi kuingia chumbani kwake. Alikuwa hajatumaini kitu kwa muda mrefu sana.

Jioni ile, kabla Vadim hajatoka zamu, alishuka na kikapu cha maandazi ya kabichi. Kapitolina Sergeevna akamkaribisha ndani, wakanywa chai chini ya ukuta uliokuwa wakati huo wa manjano.

“Sikuombi mengi, mama,” Rimma akasema. “Akianza, nitashuka. Unifungulie tu. Nikae hapo kwenye kiti cha kuvulia viatu mpaka alale.”

“Naye akinifuata kugonga? Nitamwambia nini, mwanangu? Mtu kanitengenezea ukuta kwa mikono yake.”

“Mwambie niko nyumbani. Wewe mwenyewe unaona alama. Ukuta wako ni wangu. Basi na mlango ni wangu.”

Kapitolina Sergeevna alikula andazi lake hadi mwisho, akajifuta vidole kimoja kimoja, akasifu unga ulivyoumuka. Akamsindikiza hadi mlangoni, akamfunga shali vizuri shingoni kama mama anavyomfunga bintiye. Rimma akapanda akiwa na furaha. Alihesabu kwamba amekubaliwa.

Siku ya sikukuu ya wanawake, tarehe nane ya mwezi wa tatu, Vadim alileta maua ya manjano na keki. Walikula vizuri. Rimma akayatia maua kwenye jagi, na jagi likavuja kidogo kwenye kitambaa cha meza, pale Vadim alipokuwa ameweka mkono. Vadim akamshika kisogo na kumgonga uso kwenye meza. Akamgonga tena. Kisha akaenda kwenye kisanduku cha vifaa akatoa spana ya mabomba, ile ile ya kuwatengenezea majirani, na Rimma akaelewa kwamba leo si kama siku nyingine. Akatoka mbio na soksi.

Ngazini palikuwa na mwanga wa jioni bado. Kuta zote, tangu juu hadi chini, zilikuwa zikivimba na kutoa rangi machoni pake, na damu ilishuka kwenye vipandio pamoja naye. Babu alikuwa amejikunja chini ya bomba la joto, ameshika kichwa. Rimma akagonga kwa Kapitolina Sergeevna kwa ngumi mbili. Ndani alisikia ndoo, alisikia kitambaa kikikamuliwa. Watu wa ngazi nzima walikuwa macho, wakifuta.

Mlango ukafunguka kiasi cha mnyororo. Kapitolina Sergeevna alikuwa na aproni na glavu za mpira. Akamtazama Rimma, safari hii usoni kabisa, na machozi yakamtoka, ya kweli. Mkononi alikuwa na kitambaa safi, cha baridi, chenye maji.

“Nipe, mama,” Rimma akasema.

Kapitolina Sergeevna akaunyoosha mkono, ukafika kwenye kizingiti, ukasimama. Hakuna kupeana kitu juu ya kizingiti. Ilibidi atoke yeye au aingie Rimma. Akatazama juu ngazini, ambako hatua za Vadim zilikuwa zikishuka bila haraka, zikisimama kila mlango kuomba radhi kwa majirani kwa kelele. Akatazama sakafu yake.

“Tusije tukagombana, mwanangu,” akasema, akarudisha mkono, akafunga.

Vadim alimshika kwenye mlango wa chini, uliokuwa umegandishwa na barafu na haukufunguka. Spana ilimvunja mkono wa kushoto mahali pawili. Ngazi nzima ilisikika ikilia kwa mbao zake na mabomba yake, na kwa Yelizar Kuzmich dari ilishuka kwa upande mmoja kama bega. Halafu Vadim akambeba Rimma kupanda naye, maana hakuweza kutembea, akapita akiwasalimu watu waliochungulia kwa jina na jina la baba, kama ilivyo adabu.

Wiki moja baadaye, mchana, Vadim akiwa kazini, majirani walikutana kwenye nafasi ya ghorofa ya pili, kila mmoja na kigoda chake. Rimma aliwasikia akiwa nyuma ya mlango wake na mkono wenye plasta. Yelizar Kuzmich alisema hawezi kulala chini ya dari ile. Mwingine alisema nguo zake zinanuka siki. Walisema kwa huruma. Wote walikubaliana kwamba ni unyama, na wote walikubaliana kwamba mambo hayawezi kuendelea. Rimma akaegemeza paji la uso kwenye mlango na kusikiliza.

“Na tukimshika Vadim mkono?” Zlata akauliza. “Tuko wengi. Akianza, tupande wote tumshike.”

Wakamtazama kama mtu aliyetaja jambo la chooni mezani. Mtu akamuuliza Zlata nani alimpandishia kitanda cha mtoto. Zlata akatazama mikono yake.

Ndipo Kapitolina Sergeevna akasimama. Alikuwa amefikiri sana, akasema, usiku usingizi haumjii, na amekumbuka siku ya mkate na chumvi. Sapatu iliwekwa chini ngazini. Babu hakuwahi kuingizwa kwake. Mzee wa watu amepotea njia, anaishi nje ya mlango kama mbwa, na ndiyo sababu ya taabu yote hii. Anapaswa kurudishwa nyumbani. Aliposema hivyo watu wote wakashusha pumzi, wakashangaa kwa nini hawakuliona mapema.

Rimma hakuyasikia maneno haya, maana Kapitolina Sergeevna huzungumza chini. Alichosikia ni vigoda kusogezwa, halafu miguu mingi ikipanda kwa pamoja kuja kwake. Katika ndoa yake yote miguu haikuwahi kuja kwake mingi namna ile. Akajifunga shali kwa mkono mmoja, akachukua na buti zake za sufu, akafungua kabla hawajagonga. Walikuwa wote pale, wamevaa vizuri.

“Mmekuja kunichukua,” akasema.

“Tumekuja kukurudishia, mwanangu,” Kapitolina Sergeevna akasema. “Tupe ile sapatu ya mama.”

Wakavuka kizingiti kwanza, wakasalimu, ndipo Rimma akawapa sapatu kutoka nyuma ya jiko, kwa sababu aliombwa kwa heshima na kwa jina la mama yake. Wakaishusha kwenye bomba la joto. Kapitolina Sergeevna akainama, akasema yale maneno, mazuri kuliko alivyoyasema Rimma, yenye asali zaidi. Babu akaitazama sapatu. Akatazama juu, kwenye mlango ulio wazi wa Rimma, na akajua ni wapi. Akashika nguzo ya ngazi kwa mikono yote miwili.

Hakulia kwa sauti. Yelizar Kuzmich ilimbidi apige magoti, na magoti yake ni mabovu, akamfungua vidole kimoja baada ya kingine, akimwita mzee mwenzangu, akimbembeleza kwa tumbaku. Vidole vilikuwa vyembamba na kimoja kilivunjika. Wakamtia ndani ya sapatu, wakamkandamiza kichwa kwa kitambaa cha tarizi, kile kile cha mkate. Zlata alishikilia mlango usije ukajifunga. Kapitolina Sergeevna akambeba hadi ndani, akaingia kwa mguu wa kulia, akamweka nyuma ya jiko.

“Haya,” akamwambia Rimma. “Sasa una nyumba yako.”

Akambusu mara tatu. Wakatoka wote, wakaufunga mlango kwa nje taratibu, wakashuka wakizungumza mambo ya mbegu za nyanya, maana majira ya kuotesha miche dirishani yalikuwa yamefika. Kufikia saa ya chai kuta za ngazi nzima zilikuwa nyeupe. Dari ya Yelizar Kuzmich ilinyooka yenyewe.

Rimma akamwagia Babu maziwa kwenye kisahani. Hakuyagusa. Alikuwa ameketi na kidole chake kilichovunjika mapajani, jicho moja limefumba, akitetemeka, naye Rimma akakaa sakafuni kando yake na plasta yake. Ilimchukua muda kujua kwamba analia, na kwamba anayemlilia si Babu bali yeye mwenyewe. Akachana ukanda wa kitambaa cha sahani, akamfunga kidole kwa kutumia meno na mkono mzima. Kisha akamsogeza nyuma kabisa, upande wa ukuta, na kumkinga kwa sufuria kubwa.

Chini, Kapitolina Sergeevna alikuwa akipigilia msumari kurudisha picha ya marehemu mumewe mahali palipokuwa na alama. Alipigilia polepole, kwa mapigo madogo ya mtu asiyezoea.

Jioni ufunguo ukazunguka. Vadim akavua buti, akanawa mikono hadi viwiko, akaketi. Akamwona Babu akichungulia nyuma ya sufuria, akauliza kama ndiye. Rimma akasema ndiye. Vadim akampungia kijiko kumsalimu, maana alikuwa mtu wa watu. Rimma akampakulia supu kwa mkono wake mmoja. Vadim akaonja. Akafikiri kidogo, akaweka kijiko chini.

Nyundo ya chini ikanyamaza. Halafu ikasikika televisheni ikiongezwa sauti, kwanza kwa Kapitolina Sergeevna, kisha ghorofa kwa ghorofa, hadi juu.